Sanduku na muchele si malipo: nani analipa kifo cha barabarani?

Siku ya tatu ya kilio, kuelekea saa nane ya muchana, moto mbili zilisimama mbele ya parsele. Watu watatu wakashuka, na kijana mumoja nyuma yao, mufuko wa muchele ku kichwa. Nilikuwa pale sawa jirani, si sawa mutu wa radio. Marehemu alikuwa fundi wa mbao, baba ya watoto watano. Kamyo ilimugonga asubui wakati alikuwa anatembea kando ya barabara kwenda ku kazi. Wale wageni walitumwa na mwenye kamyo. Sanduku walikuwa wamekwisha kulilipa. Sasa walileta muchele, maharagi, bido ya mafuta, bahasha ndogo yenye dola 500, na karatasi moja iliyoandikwa ku mashini, kwa Kifaransa.

Yaya wa marehemu ndiye aliweka sinyatiri. Mujane alikuwa ndani ya nyumba, ameikaa ku mukeka na wamama wengine, na hakuna mutu aliyemwita. Wageni walipokwenda, nikamuuliza yule muzee: "Yaya, ile karatasi inasema nini?" Akanijibu: "Inasema tumepokea."

Ilisema vile, kweli. Lakini mustari wa chini ulisema pia kama familia inaacha mashitaka yote, ya leo na ya kesho, mbele ya tribunali yoyote.

Wengi wenu wasomaji, kutoka Aru paka Fizi, mumekwisha kuona karatasi ya namna ile. Watu wanaiita desharji. Na njo pale, mu siku tatu za kwanza, njo haki ya familia nyingi inaishiaka, mbele dosye haijafika hata ku parke. Kwa mawazo yetu, shida kubwa ya malipo ya vifo vya barabarani haiko kukosa sheria. Sheria ziko, tena za zamani. Shida ni kwamba musaada wa kilio umechukua nafasi ya malipo, na yule mwenye kupashwa kulipa kabisa, ni kusema asiransi, hakuna mutu anayemugongea mulango.

Deni ni la nani

Tuanze na sheria, kwa ufupi. Kitabu cha tatu cha sheria ya madeni, kilichotoka tarehe 30 Julai 1888, wakati ambapo hakuna motokari hata moja ilikuwa imeingia mu inchi hii, kinasema mu artikle 258 kama mutu aliyemuletea mwengine hasara kwa kosa lake analazimishwa kuitengeneza. Artikle 260 inaendelea: bwana anajibu juu ya makosa ya mutumishi wake yaliyofanyika mu kazi. Kwa maneno mengine, shofere akigonga mutu wakati anaendesha kamyo ya tajiri, tajiri naye iko mu deni. Hawezi kusema: "Mimi sikukuwa ku usukani."

Upande wa makosa ya jinai, artikle 52 na 53 za kode penale zinahusu kuua bila kukusudia, kwa kukosa uangalifu. Azabu ni kifungo cha miezi 3 paka miaka 2, na amende. Kesi ya namna hii inasikilizwa ku tribunal de paix.

Kisha kuko sheria ya tarehe 5 Januari 1973, ambayo inapashwa kujulikana na kila mutu anayevuka barabara. Inalazimisha kila chombo chenye mota kuwa na asiransi juu ya hasara kinayoweza kuletea wengine. Kamyo, taksi, jipu, na moto pia. Kode ya asiransi ya tarehe 17 Machi 2015 iliachilia lile lazimisho vilevile. Na kitu chenye watu wengi hawakijue: familia iko na haki ya kumufuata mwenye asiransi moja kwa moja. Hailazimishwe kungojea tajiri akubali, wala shofere apatikane na feza.

Wazo la ile sheria ni rahisi. Wenye magari wote wanachanga kila mwaka, ili siku moja mumoja wao akiua mutu, feza ya kulipa ipatikane hata kama yeye mwenyewe hana kitu. Ukiangalia vizuri, ni sawa likelemba kubwa. Ila mu likelemba yetu ya mutaa kila mutu anajua siku yake ya kupokea. Mu hii, wenye kuchanga wako, wenye kupashwa kupokea hawajue hata kama iko.

Juu ya nini asiransi haifikiwe

Sababu ya kwanza inatoka mbali. Tangu miaka ya 1960, SONAS ilikuwa peke yake mu kazi ya asiransi mu inchi nzima. Malalamiko juu ya dosye zilizolala yalikuwa mengi, na watu wakazoea kuona karatasi ya asiransi sawa kodi ingine: unailipa ili polisi wa rulaje akuache upite. Kode ya mwaka 2015 ilifungulia kampuni zingine mulango, na tangu mwaka 2019 ziko kampuni za kibinafsi zinazofanya kazi chini ya uangalizi wa ARCA. Lakini mazoea hayabadilike upesi sawa sheria. Hata leo, polisi akisimamisha gari, mazungumzo yanakuwaka juu ya karatasi iko ao haiko. Ni wachache wanaouliza ile karatasi ni ya kazi gani.

Sababu ya pili ni hasira yetu wenyewe. Tuseme ukweli hata kama unauma: mutoto akigongwa, watu wanakusanyika, shofere anakimbia ili asipigwe, na ile kamyo inachomwa. Ninaelewa ile hasira, juu watu wamekwisha kuona kesi nyingi zinapotea. Lakini gari ikiungua, plake inaungua, karatasi ya asiransi iliyobandikwa ku kioo inaungua, na alama za breki mu barabara zinafutika chini ya miguu ya watu mia mbili. Polisi anafika, anaandika PV juu ya gari lililochomwa. Kwa ghafula mwenye gari naye anakuwa mulalamikaji, na familia iliyofiwa inaanza kujitetea.

Ya tatu ni uchovu. Maiti iko ku morgi, na kila siku inalipiwa. Wageni wamekuja kutoka mbali, wanapashwa kula. Mutu akifika na sanduku na muchele, familia haione mudaiwa anayetafuta kupunguza deni lake. Inaona mutu aliyekuja kuwalilia. Na mara nyingi ni kweli, amekuja kulia pamoja nao. Njo maana karatasi yake inasainiwa bila kusomwa. Kati yetu, kumuuliza mutu aliyeleta sanduku swali juu ya asiransi kunaonekana sawa matusi.

Basi, mwenye gari anafanya hesabu. Kutangaza ajali ku asiransi kunaomba PV, safari, pengine maulizo juu ya permi ya shofere na uzito wa mizigo. Kulipa kilio kunaisha mu siku tatu. Anachagua kilio. Hata mwenye asiransi safi anafanyaka vile, na ile feza aliyochanga miaka yote inabaki kwa kampuni.

Desharji inafunga nini, na haifunge nini

Turudilie ile karatasi ya fundi wa mbao, juu hapa njo kuko maneno mengi ya kusema.

Kwanza, desharji haiue kesi ya jinai. Mashitaka juu ya kifo ni ya Serikali kupitia parke, si ya familia. Ofisa wa parke anaweza kuendelea hata kama wote wameweka sinyatiri. Kwa kweli, dosye ambayo hakuna mutu anaifuata inalalaka, na desharji inatumika sawa blanketi. Lakini kulala si kufa. Kwa kosa ambalo azabu yake haipite miaka 5, mashitaka yanafungwa kisha miaka 3. Familia iliyosaini mwaka uliopita iko ingali na wakati.

Pili, mapatano yanafunga wale walioyafanya. Yaya wa marehemu alisaini kwa jina la nani? Mujane hakumutuma. Watoto bado wadogo, na muzazi aliyebaki, ni kusema mama yao, iko na mamlaka juu yao. Si baba mukubwa peke yake, si shangazi peke yake, hata kama mu desturi wao njo wanakaribisha wageni. Avoka muzuri ataanzia hapo: hasara ya mujane ni yake, hasara ya kila mutoto ni yake, na muzee hakuwa na ruhusa ya kuziuza.

Tatu, hakuna lazima ya kukatala muchele. Kukatala sanduku mbele ya maiti hakuendane na sisi, na hakuna sheria inayoomba vile. Kinachopashwa kubadilika ni mustari mumoja. Mu nafasi ya kuandika kama familia inaacha mashitaka yote, waandike kama vitu vimepokelewa sawa musaada wa mazishi. Kwa Kifaransa, kwa sababu ni Kifaransa juji atasoma: "reçu à titre d'aide aux obsèques, tous droits réservés". Mwenye gari mwenye roho nzuri hatakatala kuandika vile, maana haimuongezee deni lolote. Akikatala, basi tumejua alikuja kununua nini.

Na mujane aitwe. Asomewe mu luga anayosikia, mbele mutu yeyote hajaweka sinyatiri.

Feza yenye haiendake ku familia

Kuko feza ingine inayoleta vurugu mu kichwa cha watu. Shofere anakamatwa, anafungwa, kisha nyuma ya siku kidogo anaonekana mu mutaa. Familia inasikia kama "alilipa". Alilipa nani? Mara nyingi ni dhamana, ile "caution" ya kuachiliwa kwa muda wakati kesi inaendelea. Feza ile inawekwa ili asikimbie, si malipo ya marehemu, na haimalize kesi. Pengine ni amende, na amende inaingia mu kaisa ya Serikali. Hakuna hata franga moja inayotoka pale kwenda kwa watoto. Sisemi kama hakuna wakati ambapo feza imepita chini ya meza. Kila mutu anajua anachokijua. Ninasema tu: mbele ya kwenda kupiga kelele ku buro, omba kuonyeshwa reso na uangalie imeandikwa nini.

Ili familia ilipwe, inapashwa kujitokeza mu kesi sawa "partie civile", ao kwenda ku tribunali kwa kesi ya kiraia peke yake. Mwenye gari na asiransi yake wanaitwa hapo, si shofere peke yake. Hili ni kosa la kila siku: shofere anahukumiwa, anaambiwa alipe maelfu ya dola, na yeye hana hata baiskeli. Familia inashinda ku karatasi na inabaki na njaa.

Moto, na kamyo za wageni

Kwa moto, mambo ni magumu zaidi. Nyingi mu miji yetu hazina asiransi, zingine hata plake hazina. Abiria aliyekufa nyuma ya motari iko na haki sawa mutu yeyote, lakini kama hakuna asiransi, inabaki kumufuata mwenye moto, na mara nyingi mwenye moto ni mutu mwengine aliyempa motari ile kazi ya versema. Aulizwe jina la mwenye moto mapema, mbele haijauzwa. Motari mwenyewe akikufa kwa kosa lake, ile asiransi ya lazima haimulipe yeye, juu inalinda wengine. Wachache sana kati ya vijana wanaopakia watu watatu usiku wanajua hivyo. Tunazungumza juu ya watu wa kazi hii wakati wa kuwatoza jeton. Ingefaa vyama vyao vizungumze pia juu ya asiransi ya kundi, ya kulinda motari yeye mwenyewe.

Kamyo za inje ni maneno mengine, na hapa kuko habari nzuri yenye haijulikane. Gari lenye plake ya Uganda, Kenya, Tanzania, Rwanda ao Burundi linaloingia Kasindi, Mahagi, Bunagana ao Kavimvira linaweza kuwa na karatasi inayoitwa Karte Jaune ya COMESA. Ile karatasi ni asiransi inayovuka mipaka. Inchi yetu iko mu mupango ule, na Tanzania pia, hata kama ilitoka mu COMESA tangu mwaka 2000. Maana yake: gari lenye ile karatasi likiua mutu ku barabara ya Beni, familia haina lazima ya kwenda Kampala ao Mombasa kutafuta kampuni. Buro la taifa la ule mupango, hapa mu inchi, njo linashugulikia dosye. Lakini bila namba ya plake, namba ya ile karte na PV, haliwezi kufanya kitu. Na kamyo ya mugeni haingoje: kesho yake iko ingambo ya mupaka.

Gari la Umoja wa Mataifa nalo liko na njia yake. Azimio la mwaka 1998 la Kikao Kikubwa cha UN liliweka mipaka juu ya malipo kwa watu walioumizwa na kazi za walinzi wa amani: miezi 6 ya kuleta ombi tangu hasara, na malipo yasiyopita dola 50,000. Miezi sita inapita upesi kwa mutu aliye mu kilio.

Sange, na karatasi za marehemu

Tarehe 2 Julai 2010, kamyo ya mafuta iliyotoka Tanzania ilianguka Sange, ku barabara ya Bukavu na Uvira. Mafuta yakamwangika, moto ukawaka, na zaidi ya watu 230 wakakufa, wengine wakiwa ndani ya nyumba ambamo walikuwa wanaangalia mupira wa Kombe la Dunia. Wengi waliungua paka hawakutambulika, wakazikwa mu makaburi ya pamoja. Wenye kuishi mu bonde la Ruzizi hawahitaji tuwakumbushe.

Ninaitaja hapa juu ya jambo moja. Kulipwa kunaanza na kuhakikisha: huyu mutu amekufa, na mimi ni bibi yake, na hawa ni watoto wake. Mu Sange kulikuwa miili isiyokuwa na jina. Mu vifo vya kila siku jina liko, lakini karatasi haziko. Acte de décès haikuombwa ku leta sivile juu hakuna aliyeona faida yake. Watoto hawakuandikishwa. Ndoa ilifanywa mu familia, mahari ilitolewa, mbuzi zikaliwa, kila mutu anawajua sawa bibi na bwana, lakini haikuandikishwa ku komini, na mwenye asiransi anauliza cheti cha ndoa. Hapo mujane anaambiwa kama yeye si kitu, na mara nyingine ndugu za marehemu njo wa kwanza kuyasema, juu feza imeanza kunukia.

Tena juji anaulizaka: alikuwa analeta nini mu nyumba? Mu kesi hizi majuji wanakadirisha hasara "ex aequo et bono", ni kusema kwa mupimo wa haki wanavyouona wao. Familia isiyoleta kitu inapimwa kwa macho tu. Yule fundi wa mbao alikuwa na kaye ya komandi, yenye majina ya wateja na bei ya kila meza na kila mulango. Kuko reso za minerval za watoto. Kuko mikutano ya likelemba ambako alikuwa anachanga kila juma. Hivyo vyote ni ushahidi wa maisha ya mutu, na vinatupwa pamoja na nguo zake.

Juu ya gharama: kila baro iko na buro ya mashauri ya bure kwa watu wasio na uwezo, na cheti cha umasikini kinaweza kuondoa sehemu ya feza za tribunali. Hizo feza si kidogo. Hata kisha kushinda, kuko droit proportionnel, sehemu ya feza iliyokatwa na juji, ya kulipa mbele ya kupata karatasi yenyewe ya hukumu. Kumuomba mujane alipe ili apokee, sioni namna ya kuitetea.

Leo mambo yameongezeka uzito. Goma tangu Januari 2025, Bukavu tangu Februari 2025, mabenki ya mbele yalifungwa na tribunali za Serikali hazikuendelea sawa zamani. Ajali zenyewe hazikusimama. Familia nyingi ziko na dosye iliyoanza mu buro moja na ofisa aliyekwisha kukimbia. Kwao, kopi inayobaki mu mikono yao njo inaweza kuwa dosye peke yake: foto ya plake mu telefone, namba ya PV, karatasi ya hospitali, jina la kampuni ya asiransi na tarehe zilizoandikwa juu yake. Wapige foto ya kila karatasi na kuituma kwa mutu wa familia anayekaa mahali pengine.

Mujane wa fundi wa mbao alinifuata juma mbili nyuma ya kilio. Kijana wake mukubwa alikuwa amepiga foto ya ile kamyo siku ya ajali, mbele hawajaivuta kuitoa. Tuliikuza pamoja ku telefone. Plake ilionekana yote. Ku kioo, chini upande wa kuume, kulikuwa karatasi ya asiransi. Jina la kampuni linasomeka, tarehe ya mwisho haisomeke vizuri. Kesho yake alikwenda ku baro na ile foto, kopi ya desharji na ile kaye ya komandi.